Deni la Kisima

Jina langu ni Tippanna,
tangu ningali kijana
na mawe ninapambana
kwa sururu mkononi.

Kwetu ni kati ya mito,
nchi nyeusi, ya joto;
kila taji lina ndoto
kuitia mfukoni.

Mwaka ulokosa mvua,
tope tukilikamua,
jeshi kubwa likatua
la Sultani, shambani.

Karani, Khwaja Najibu,
na kalamu na kitabu,
akanena kwa adabu:
“Tupe maji ya bondeni.

Ngamia wamelegea,
na farasi wamenywea;
ukiyaona, pokea
fedha, tanka hamsini.”

Nikachimba siku tisa,
mwamba ukanitikisa,
vumbi likanipapasa
puani hata kinywani.

Ya kumi, likaja tone,
baridi, nisilione,
likifuatwa na nene,
hadi maji magotini.

Wakanywa, ngamia kwanza,
kisha watu wakaanza;
ila fedha, walitunza,
nami nikapewa deni:

hati yenye Kiajemi,
wasomao sio mimi;
herufi kama ulimi
wa kinyonga mawindoni.

Wakahamia kilima;
kusini ngoma yavuma:
tembo mia wanahema
wa Raja, kiu kooni.

Karani wake, Linganna,
paji jivu limenona,
akanena kiungwana:
“Fundi, rudi humo chini.

Ndovu hanywi kwa kikombe.
Shuka, mwamba uutimbe;
tutakulipa kwa ng'ombe
tukishinda kilimani.”

Nikashuka, nikachimba,
wakanywa, tena waimba;
deni lao likatamba,
limechorwa kwenye jani.

Duara, duara, shanga:
nikatazama, mjinga.
Hati mbili nikafunga
kitambaa kiunoni.

Asubuhi ikafuka.
Farasi wamiminika,
vumbi likawafunika,
nani yupi, yupi nani.

Sikuona vita, kweli:
nilikuwa chini, mbali,
mbingu mfano bakuli
juu yangu, mdomoni.

Ukaanguka upanga,
kisha kengele yagonga,
kisha kijana mchanga
akatua mapajani.

Si kilemba, wala jivu:
damu na tope, na mbavu.
Akasema kwa uchovu:
“Maji.” Kwa lugha ya nani?

Sikumbuki. Nikateka,
kiganja kikamwagika;
akanywa, akatosheka,
akalala kifuani.

Usiku nikamvusha
kwa kamba ya kupandisha
mawe; naye amekwisha,
mwepesi, kama majani.

Nimzike? Nimchome?
Nangoja mtu aseme;
yuko wapi mfalme?
Namlaza kifusini.

Mshindi? Kila upande
husimulia kipande.
Nami nataka niende
kudai yangu, mjini.

Hati moja, mbuzi kala;
jani, mchwa wanalila;
makarani wamelala:
sasa nimdai nani?

Kengele ya tembo, shaba,
mbuzi ndiye kaibeba;
ikilia, hunikaba,
narudi mle shimoni.