Laki Saba na Tisini Tu

Kijana wa benki pale Chake alisema "tu".
"Laki saba na tisini tu kwa mwezi, Bwana Faki,"
akaigeuza karatasi inielekee, kalamu imeshafunguliwa.
Nikaisikia laki. Nikaisikia saba, na tisini.
Ile "tu" ikapita kama paka chini ya meza.

Kazi yangu mimi, bandarini Mkoani, ni kuhesabu:
magunia, madumu ya mafuta, mbao, saruji.
Haupotei mfuko mmoja mbele ya macho yangu.
Lakini siku ile niliona mlango mpya,
bati la rangi ya maini,
jiko lenye dirisha linalotazama Machomane yote,
nikatia saini kurasa kumi na moja
huku nikitabasamu kama bwana harusi.

Milioni sitini. Miaka ishirini.
Riba asilimia kumi na tano
(hili Mama aliliuliza kwa sauti ya chini;
tukatazama mkeka).

Mwezi ulipokwisha ikaja stakabadhi.
Kazija, anayesomesha hesabu darasa la saba,
alitaka daftari la Mize, kalamu nyekundu, na taa isogezwe.
"Umelipa laki saba na tisini."
"Ndiyo."
"Laki saba na hamsini imeliwa na riba."
Nikanyamaza.
"Iliyoingia kwenye nyumba ni elfu arobaini."

Elfu arobaini.
Pengine kitasa na bawaba mbili.
Mwezi mzima nimekesha na meli za usiku,
nimenunua kitasa.

Akageuza ukurasa.
Miaka mitano mbele tutakuwa tumetoa milioni arobaini na saba,
na deni limeshuka milioni tatu na nusu.
Nikamwambia rudia. Akarudia, polepole,
kama anavyowarudilia wale wa nyuma ya darasa.
Deni litafika nusu mwaka wa kumi na sita,
na Mize, ambaye leo anachora kuku pembeni mwa hesabu hizi,
atakuwa ameshaanza kuletewa posa.
Kisha chini kabisa akapiga mistari miwili:
milioni mia moja themanini na tisa na nusu.

Nyumba tatu,
na ya nne imeshafika msingi.

Nikatoka nje kuzitafuta zile mbili.
Wallahi, nilisimama uani na tochi.
Hapa ingekaa ya Mama, isiyo na ngazi, kwa ajili ya magoti yake.
Pale ya mdogo wangu Mbwana, arudi kutoka Tanga,
aache kulala dukani kwa watu.
Tochi ikaniletea kamba ya kuanikia na ndoo.
Nyumba zangu zimejengwa mahali nisipopajua,
wamo watu wasiolijua jina langu,
na mimi ndiye ninayewanunulia vitasa.

Wazee walisema kukopa harusi, kulipa matanga.
Matanga nayajua: siku tatu, ubwabwa, dua, mkeka ukakunjwa.
Haya ya miezi mia mbili na arobaini
mkeka wake ataukunja nani?

Niliporudi ndani Kazija bado anaandika.
"Tukiongeza elfu hamsini kila mwezi," akasema,
"wakikubali kwa maandishi kuipunguza kwenye deni lenyewe,
wasiifanye kitu chengine,
miaka mitano inaanguka. Karibu milioni thelathini na nane."
Nikadhani amekosea. Hakosei yule.
"Na hiyo hamsini itoke wapi?"
Akanitazama kama mtoto aliyesahau mbili mara mbili.

Sasa ni mwaka. Baada ya laasiri
baraza yetu ina watoto kumi, elfu tano kila mmoja kwa mwezi,
wanapiga kelele za saba mara nane,
viatu vimezagaa mpaka njiani,
na mimi niliyetoka zamu ya usiku
nalala na mto juu ya kichwa.

Juzi nilikutana na yule kijana wa benki sokoni.
"Nyumba vipi, Bwana Faki?"
"Nzuri. Imebaki miaka kumi na minne..."
Nikaisikia ile "tu" inakuja, imeshafika ulimini.
Nikaibana kwa meno.