Kitabu Kinaishia Hatua ya Tisa

Kilibaki chini ya kitanda, chumba namba kumi na nne,
pamoja na soksi moja na chaja ya simu.
Mgeni alikuwa keshapaa kwenda kwao Milano.
Meneja alisema soksi itupwe, chaja ipelekwe ofisini;
kitabu hakukitaja, nami sikumkumbusha.

Malindi hii Kiitaliano hatukisomei.
Tumekiokota kama makombe, moja moja:
bei, shuka, taulo, samahani, kesho.
Kwa hiyo herufi zake hazikunisumbua:
C ni farasi, T ni mnara, R ni mfalme,
na D, huyu tunayemwita malkia,
wao wanamwita mwanamke, basi.
Mwanamke. Huenda atakako, mbele, nyuma, mshazari,
na hakuna anayemuuliza karudi saa ngapi.
Nilicheka peke yangu, pasi mkononi,
nikaunguza kona ya foronya.

Miraba niliichora nyuma ya kalenda ya duka la dawa.
Kete zilikuwa vifungo, vile vinavyobaki chini ya mashine
watu wakishachukua mashati yao.
Kifungo cha shaba, cha koti la bwana harusi, akawa mfalme.

Kitunda mbele ya mfalme, miraba miwili.
Kitunda mbele ya mfalme, miraba miwili.
Farasi atoke. Farasi ajibu.
Askofu asimame pale anapoiona shingo ya adui.
Mchezo wa taratibu, ndivyo kitabu kinavyouita,
na mimi nikaukariri taratibu,
shuka kwa shuka, mpaka mvuke wa pasi
ukawa unatoka kwa zamu: cheupe, cheusi, cheupe.

Lakini kitabu kiliwahi kulowa.
Kuanzia hatua ya tisa kurasa zimegandana,
wino umeota ukungu.
Basi najua kubisha hodi kuliko mtu yeyote Barani;
sijui la kufanya nikiambiwa karibu.

Lali Mbwarahaji ni fundi wa friji.
Ana ubao wa kweli, mninga kwa mpingo,
mnara mmoja ulipotea, mahali pake ipo plagi ya pikipiki.
"Unasoma sataranji?" akaniuliza.
"Na kuogelea utakusoma?"

Ijumaa, baada ya swala, tukaketi na friji kati yetu,
imelazwa chali, ubao juu ya mlango wake.
Nikasukuma kitunda changu kama nilivyofundishwa.
Yeye akasukuma cha ukingoni kabisa, kilicho mbele ya plagi.

Nikangoja.
"Hiyo si hatua," nikamwambia.
"Mbona imeshakwenda?"

Nikapekua kurasa zote kichwani, za kavu na za ukungu.
Mbele yangu ubao mzima ulikuwa wazi
kama nyumba ya mtu aliyehama,
na mimi nimesimama kizingitini na salamu zangu nane.

Baba yangu alikuwa mgema, Ganda.
Kule shaha ni ule moyo mweupe juu ya mnazi:
ukiukata, mizizi na inywe Sabaki yote,
umebaki na gogo.
Lali hasemi mfalme. Anasema shaha, kama walivyosema kwao,
na alilisema mara tano mchana ule,
kila mara akinitazama kama mtu anayejaribu panga.
Ya tano sikuwa na pa kumpeleka.
Plagi ndiyo iliyoniua.

"Tena?" akasema. Nikasema kesho.

Usiku nilichukua ile kalamu ya kuandikia namba kwenye shuka,
isiyotoka hata kwa jiki,
nikazibandua kurasa kwa mvuke, polepole,
na pale ukungu unapoanzia nikaandika kwa herufi zangu:
F ni farasi. S ni shaha.
M, mwenye kusoma achague, malkia au mwanamke.
Kisha: Lali, hatua ya kwanza, kitunda cha ukingoni.

Jibu lake silijui bado.
Nimeruka mistari mitatu.