Kifuniko cha Dawa ya Kikohozi

Nusu chupa ya petroli kwanza.
Halafu oili, ile nyekundu ya Wete,
vifuniko viwili vya dawa ya kikohozi cha Sabiha,
vijae mpaka mstari wa ishirini.
Funga. Tikisa. Kisha petroli iliyobaki.
Tikisa tena, mpaka rangi iwe moja,
waridi iliyopauka kama kanga ya kushindia.

Nayasema haya kwa sauti kila asubuhi,
nimechutama mlangoni mwa banda, Kangagani,
jicho moja nimelifumba,
na Mama ananicheka kutoka jikoni:
"Mize, unapika au unapima ardhi?"

Yeye hajapima chumvi tangu aolewe.
Tui, bizari, pilipili, vyote kwa jicho,
na chungu chake hakijamuaibisha mbele ya mgeni.
Kaka yangu Kombo alirithi jicho hilo, akadhani
jicho la chungu ndilo jicho la mashine.
Akamimina petroli, akakamulia oili kama ndimu,
akaenda kufyeka chini ya mikarafuu ya watu,
wiki moja kabla ya kuchuma.
Saa moja ilinguruma.
Saa tatu ikalia kwa sauti nyembamba.
Saa nne kimya, na kamba ya kuwashia
ngumu kama mkono wa maiti.

Fundi Shaame akaifungua juu ya gunia,
akaniwekea pistoni kiganjani:
imekwaruzika ubavu mzima
kama sakafu iliyoburutwa kasha.
"Hii imekufa kwa kiu," akasema,
"na tangi limejaa."

Kombo akapanda meli ya Unguja.
Mashine ikabaki, na deni lake.
Niliuza bangili moja.

Siku hizi wananiita Mize wa Majani;
sijui kama ni sifa.
Oili ikizidi, moshi wa buluu, plagi inavaa masizi.
Ikipungua, nshaeleza.
Na ukikaa mwezi, mchanganyiko huchacha,
basi sichanganyi wa kesho.

Jana nimekuta kifuniko kinameta.
Mama kakisugua kwa majivu, kunisaidia,
na mstari umekwenda na majivu.
Sikusema kitu. Naye hakusema.
Akaingia ndani, akarudi na kijiko cha hospitali,
kile cha tano, akachutama karibu yangu
na kuhesabu, yeye, kwa sauti:
moja, mbili, tatu,
mpaka nane. "Isizidi," akasema,
akakipangusa kijiko kwa kidole
na kidole, kwa mazoea,
kikapanda nusura kifike mdomoni.