Mkono Begani

Nenosiri lilikuwa jina la mbwa na mwaka wa Kombe la Dunia.
Miaka kumi na tisa, na mlango ukafunguka bila hodi.

Pelotas, Julai, mvua ya baridi inapiga vigae,
kibuyu cha chai chungu kimepoa mezani,
na Betina, binti yangu, kaniwekea kidevu begani:
"Mama, huyu ni wewe?"

Ni mimi. Ama ndivyo faili linavyodai.
Picha mia mbili na kumi na nne,
zote nimebinua midomo,
zote kamera imeinuliwa juu kama ya mtu anayechuma nyota,
katika duka la intaneti la mzee Adroaldo,
saa moja kwa sarafu moja, harufu ya soksi mbichi.

Nilikumbuka skafu ya buluu. Hapa ni nyekundu.
Ile buluu nimeisimulia kwenye arusi mbili,
nimeililia hata,
na sasa mashine inanisuta mchana kweupe.

Lakini mwaka huohuo
kiwanda cha pichi kilimfungia baba lango,
tukala viazi vitamu hadi Oktoba,
mama akauza cherehani.
Hakuna aliyepiga picha ya pale iliposimama,
zile alama nne sakafuni.
Siku hiyo, kwa mujibu wa ukurasa wangu,
nilikuwa "poa kupita kiasi", na moyo unaomemeteka.

"Na huu mkono ni wa nani?"
Betina ana macho ya mwewe.
Vidole vinne, kucha za kijani zilizobanduka,
na baada ya kiwiko, hakuna mtu.

Tainara.
Nilimkata mwenyewe kwa kipanya, Alhamisi jioni,
kwa ajili ya mvulana
ambaye leo anauza matairi na hanijui.
Nilikata vizuri, nilikuwa na mkono mwepesi.
Wake tu ndio uliogoma,
kwa kuwa ulikuwa umenishika:
kuuondoa, ningejikata bega.

Naweza kufuta. Kitufe kipo,
kinauliza kwa adabu: una hakika?
Sina hakika hata na skafu.

"Ni wa rafiki," nasema.
"Yuko wapi?"
Feni ya kompyuta inahema.
"Nje ya picha."

Na Betina, mtoto huyu,
anaweka kidole pale picha inapoishia,
anavuta, anavuta tena,
kama mtu anayesogeza pazia.