Sanduku la Fundi

Miaka kumi na minne nimewaundia watu vitanda,
makabati, hata jeneza moja la haraka usiku wa mvua,
na vifaa vyangu vikilala kwenye gunia la viazi,
patasi ikiing'ata randa, tupa ikinoa kisicho chake.
Mganga hajigangi, hunicheka Kerubo.

Jumapili hii nikasema basi.

Mbao ni za kreti, nimeziokota Industrial Area,
zina herufi za kigeni zilizochomwa ubavuni.
Nimeng'oa misumari thelathini na mitatu,
nikainyoosha juu ya jiwe, nikaitia koponi:
sanduku hili halitaonja msumari.

Umeme umekatika Kaloleni tangu alfajiri.
Kwangu ni mamoja. Randa hula kwa mkono.
Shwaa. Shwaa. Maranda yakajikunja miguuni,
watoto wa Adhiambo wakayazoa kwa sufuria, wakawashie jiko,
na moshi wa msonobari ukatangulia harufu ya sukuma wiki.

Kisha pembe. Hapo pumzi hubanwa.
Mikia ya njiwa minne kila kona,
nachora kwa ncha ya kisu; penseli ina unene
na unene husema uongo.
Msumeno upite upande wa taka, mstari ubaki hai.
Patasi nusu huku, geuza, nusu kule.
Gonga kwa kipande cha mti, usikilize:
kiungo kilicholegea hulia kama kikombe chenye ufa,
kilichokaza hutoa mlio mmoja, mzito,
kama mlango wa mtu aliyefika kwake.

Kona moja ina kiraka cha kibanzi na gundi.
Sitakuonyesha ni ipi.

Jioni nikavipanga. Msumeno ukagoma.
Nilipima bapa, nikasahau mpini.
Inchi mbili!
Nikakaa juu ya ndoo, natazama tu.
Kuukata? Huu ni wa Mbithi,
aliyenipigia makofi ya kisogoni hadi nikajua kuunoa,
kisha mgongo ukamrudisha Makindu.
Nikatoboa mwanya ubaoni, ncha ikachungulia nje.

"Linanitolea ulimi," akasema Kerubo.
"Linakuamkia."

Kesho nitalibeba begani hadi Gikomba.
Zile herufi nimezigeuzia ndani, sijui zasemaje.
Labda: upande huu juu.
Labda: shika polepole.