Fundo

Kwanza, walikula kunde zangu.
Niseme hilo mapema, nisionekane
mtu aliyezaliwa na huruma mkononi.
Ekari mbili, nyuma ya Witu,
kunde zimeshika maua, simsim imefika kiunoni,
asubuhi naamkia uwanja:
kwato, mavi, ua wa miba umelala chali.
Nikajaza fomu ya fidia.
Karani akauliza, nyati wangapi?
Nikamwambia, walikuja usiku, hawakutia sahihi.

Huu mwaka wa tatu, fomu haijarudi.

Lakini ukikaa na jirani mbaya
unakijua hata kikohozi chake.
Niliijua saa yao ya kushuka silangani,
na yangeyange wao, weupe kama waendao Ijumaa.
Niliwajua mafahali watatu wazee, pembe zimelika,
wamejitenga na kundi, wanashinda topeni
wamenuna kama wastaafu wasiolipwa.
Na niliona jambo:
jua likipoa, kundi limelala linacheua,
jike mmoja huinuka, hutazama upande fulani,
hulala tena. Mwingine huinuka, hutazama.
Hapana kelele, hapana mwenyekiti, hapana posho.
Kisha wote husimama, mia na zaidi,
wakashika njia waliyoielekea majike wengi.
Baraza la chifu wetu
lingekuja kusomea hapa.

Kiangazi kilipolikausha silanga
likabaki sahani ya tope,
yule mwenye sikio lililochanika
alikuja nyuma ya wenzake, mguu mmoja juu.
Waya ulikuwa umezama hadi mfupa.
Ng'ombe haelemewi na nunduye;
huyu alielemewa na waya wa breki ya baiskeli,
na ndama ananyonya huku mama anachechemea.

Daktari Dhahabo alifika na gari la wanyamapori,
akapiga sindano kutoka dirishani.
Nyati akatembea kidogo, akafikiri, akaanguka.
"Nguo ya kumfunika macho, upesi!"
Wanaume wakatazamana.
Nikavua leso yangu ya juu, ile iliyoandikwa
*Yako yamekushinda, yangu utayaweza?*
nikapiga magoti kichwani pake.

Sijapata kukaa karibu na kitu kizito hivyo
kinachopumua.
Kupe kwenye kope. Pumzi ya majani
yaliyotafunwa mara mbili.
Chini ya leso jicho lilikuwa wazi,
kope zikinigusa kiganja kupitia pamba.

Koleo likateleza, likauma, likakata.
Waya ukatoka na nyama yake.
Dhahabo akanipa nishike,
na hapo nikaliona fundo:
mizunguko mitatu, ncha imerudishwa ndani,
imepigwa nyundo isichome mkono.
Ndivyo kilivyofungwa kitanda changu.
Ndivyo mlango wa banda la kuku.
Mikono ifungayo hivyo
ndiyo iliyowakanda wanangu kwa maji
homa ilipowashika.

"Unamjua aliyetega?" akauliza askari Maro.
"Waya ni waya," nikasema.

Dawa ya kumwamsha ikaingia, tukakimbilia garini.
Akainuka kwa matako, kama mtu mwenye deni,
leso imenasa pembeni,
akaenda nayo mikocheni, ndama nyuma.
Ng'ambo ya tope majike walikuwa wamesimama
saa zote zile, wameelekea upande wetu.
Hakuna aliyelala tena.

Usiku Hiribae aliketi kula.
"Leso yako i wapi?"
"Nimemwazima jirani."
Nikauweka waya kando ya sahani,
fundo juu.
Aliutazama mpaka ugali ukapoa.
Akachukua tochi, akatoka.

Alfajiri nilikuta nyaya saba
zimening'inizwa uani,
na viatu vyake mlangoni vimelowa umande.
Hatukuzungumza.

Fomu nayo haijarudi.