Ndizi za Kiboriloni

Leo sokoni Kiboriloni wamemnyima ndizi.
"Kamwombe kaka yako, uliyemwekea sumu Jumanne,"
alisema mwenye genge, akaufunika mkungu kwa kanga.

Miaka ishirini na sita Aminieli kaigiza:
mlinzi wa geti, daktari wa sentensi moja,
maiti mara nne
(mara moja alipiga chafya, wakarudia),
shemeji mlevi, karani wa ardhi mla rushwa.
Jina lake hupita mwishoni, dogo kama sisimizi,
sisi tumeshainuka kuosha vyombo.

Amerudi Majengo mikono mitupu,
vumbi hadi magotini,
anacheka peke yake mlangoni:
"Mama Ndeshi, wamekataa kuniuzia!
Wamekataa kabisa!"

Nikabandika maji ya ugali.
Machalari tutakula
siku watakapompa upadri.